Pumzi Zangu kwenye Wimbo wa Chacha

Ngokolo, Shinyanga
16 Juni 2024

Vumilia,

Sianzi na salamu kwa sababu sina. Nakuandikia kwa mkono kwa kuwa simu yako haipatikani wiki nzima, na ningekupata ningekutukana, halafu leo Jumapili ningeshindwa kukomunika. Barua hii nampa Nasibu, yule kondakta wa basi la Geita, atakufikishia hapo Nyarugusu.

Jana nilikuwa natoka sokoni na Mama Januari wa kwaya. Tumepanda bajaji, kijana kafungulia muziki hadi viti vinatetemeka. Ukaanza wimbo wa huyo Chacha, huo wanaouita "Nichoshe". Anajisifia magari, anajisifia wanawake, sawa, hayo tumeshayazoea. Halafu ikaingia sauti ya mwanamke. Haimbi, hasemi neno la maana, anahema. Anahema vile ambavyo mke mwenye adabu hataki hata jirani wa chumba cha pili asikie. Katikati ya kuhema anasema, "Subiri kidogo, subiri." Sauti hiyo nimeilea mimi tangu ndugu yangu, baba yako, alipofariki. Niliijua papo hapo. Mama Januari naye aliijua, maana uliimba kwenye kipaimara cha mwanawe. Akageuka akaangalia barabara, asinitazame usoni.

Nilishuka palepale na mchicha wangu nikatembea.

Ulipoacha kwaya ukasema unakwenda kuchana, hiphopu, nilikuuliza mwanamke anafanya nini humo. Ukanijibu kwa kiburi chako, "Anasema kweli, shangazi." Hiyo ndiyo kweli uliyokwenda kuisema? Maana mimi niliyemlisha mume wangu uji kwa kijiko hadi anakufa, sikuwahi kuidhalilisha pumzi yangu kiasi hicho.

Luka anaoa mwezi wa nane. Nilikuwa nimekupanga wewe uimbe bibi harusi akiingia. Usije. Nitamtafuta mwingine.

Shangazi yako,
Paskalia, Mama Luka


Nyarugusu
22 Juni 2024

Shangazi, shikamoo.

Najua hutaiitikia, lakini ni yako, naiacha hapo.

Simu nimeitoa laini mwenyewe. Kuna mtu aliweka namba yangu mtandaoni chini ya wimbo ule, na maneno ambayo siwezi kukuandikia. Wanaume wananipigia tangu alfajiri. Wengine hawasemi kitu, wananihemea tu. Nilikuwa naiosha simu kwa sabuni kila jioni, shangazi, unaweza kucheka, nilikuwa naiosha.

Sikiliza ilivyokuwa. Nilikwenda studio Geita mjini, kwa prodyuza mmoja anaitwa Marcel, na mistari yangu mitupu. Niliiandika hapa mwaloni, tunapoosha na kuponda mawe ya dhahabu. Chacha alikuwepo, kakaa kwenye kochi kavaa miwani ndani ya nyumba. Akasoma mistari akamwambia Marcel, kana kwamba mimi sipo, "Dada anaandika. Lakini mwanamke akichana watu wanazima redio. Mtie kwenye kiitikio." Ndiyo kazi yetu huku, shangazi. Mwanamke ni kiitikio. Anaitwa mwisho, anaambiwa avae nini, anasema jina la mwanaume mara nyingi halafu anakwenda kusimama nyuma. Nikakataa. Nikasema nachana mistari yangu au naondoka.

Marcel akanipa maiki. Nikachana yote moja kwa moja bila kukata. Nilipomaliza nikainama, mikono magotini, nikawa navuta pumzi. Maiki ilikuwa bado iko wazi. Ile "subiri kidogo, subiri" nilikuwa namwambia Marcel asianze biti nyingine. Mistari waliitupa. Walichobakiza ni nilivyoinama.

Nilikuwa nimechoka tu, kutwa nzima nimeponda mawe.

Sasa nikipita hapa wanaume wananihemea. Hata yule mzee anayeniuzia maandazi. Watoto wa shule ya msingi wanahema wakikimbia, hawajui wanachokifanya, na hiyo ndiyo inanichefua kuliko yote. Mwenye karasha, mashine tunayosagia mawe, unaijua tabia yake, nilishakuambia anavyoita wanawake ndani kabla hawajasagiwa. Juzi ameniambia, "Nchi nzima imeshakusikia, mimi unaninyima nini?" Kinywa chake kinanuka gongo na alikuwa karibu sana. Nilitema mate chini mbele ya watu. Mawe yangu mpaka leo hayajasagwa.

Hii ndiyo mistari. Isome kwa sauti, shangazi, usiisome kimoyomoyo.

Nyundo mkononi, mtoto mgongoni, jua utosini,
Naponda mwamba wa tajiri, vumbi langu kifuani.
Mwenye karasha ananiita ndani, ati nikapumzike,
Nikikataa, mawe yangu yakae nje yasisagike.
Wewe mwenye cheni inayong'aa, hebu iguse kaka,
Kuna mwanamke kaikohoa kabla duka halijaitaka.

Iko mingine, lakini hiyo ndiyo ya kwanza. Harusi ya Luka nimeelewa. Mpe hongera zangu.

Mwanao,
Vumilia


Ngokolo, Shinyanga
30 Juni 2024

Vumilia,

Marahaba.

Mistari nimeisoma kwa sauti kama ulivyoagiza. Nilikuwa jikoni. Mara ya pili nilijikuta nagonga sufuria. Nimechukia upya, na safari hii siyo wewe.

Nikakumbuka bibi yako Mageni, mama yangu. Wewe ulimkuta kizee anaota jua, hukumkuta manju. Alikuwa anatunga anaimba, watu wanatoka Maswa kwa miguu kuja kumsikia, na wanaume waliosema mwanamke hawezi kuongoza ngoma aliwataja kwa majina na kwa ukoo, wakati wenyewe wamesimama pale. Kwa hiyo nilikasirika zaidi. Nikajiuliza hawa wamepata wapi ujasiri wa kumfanya mjukuu wa Mageni kuwa kiitikio.

Basi jana nikamwambia Luka aniwekee huo wimbo tena. Hakutaka, nikamlazimisha. Nilitaka nimchukie Chacha kwa haki, nisimchukie kwa kusikia mara moja kwenye bajaji. Nikakaa, nikasikiliza hadi mwisho. Halafu nikamwambia arudishe pale kwenye pumzi.

Vumilia, hiyo siyo pumzi ya mtu aliyechoka. Mwishoni kila ukivuta kuna kifilimbi chembamba. Halafu inakwama, halafu kuna kikohozi unakimeza ili kisisikike. Mimi nimelala kando ya pumzi hiyo. Baba Luka alipotoka kwenye maduara, yale mashimo ya dhahabu, alianza hivyohivyo, akasema amechoka tu. Mwaka wake wa mwisho alikuwa analala ameketi, amekumbatia mto, na mimi najifanya nimelala ili asione aibu. Daktari alisema ni vumbi la mawe limekaa kwenye mapafu na halitoki.

Watu wanacheza kikohozi chako kwenye mabaa. Wanajibinua. Kijana wa bajaji anajiongezea sauti pale kwenye kifilimbi. Sijui hata niliite nini jambo hili, nimelitafutia neno kwa Kiswahili na kwa Kisukuma sikupata.

Umeniandikia kurasa nyingi, umenieleza mpaka harufu ya kinywa cha mtu, na hilo umelificha. Tangu lini? Nijibu hilo kwanza, mengine baadaye. Na harusini utakuja, hata kama huwezi kuimba.

Shangazi yako,
Paskalia


Nyarugusu
13 Julai 2024

Shangazi, shikamoo.

Tangu masika ya mwaka jana. Nimeanza na jibu kama ulivyotaka.

Zahanati walipima makohozi wakasema siyo kifua kikuu, wakaniambia niende hospitali nikapigwe picha. Sikwenda. Nilikuficha kwa sababu ungenitoa huku kwa nguvu. Halafu kuna sababu nyingine, naona aibu kuiandika. Hawa wachanaji wa kiume wanasema mwanamke hana kifua cha kuchana, akifika mstari wa nane anatafuta hewa. Nilitaka niwaoneshe. Na mimi kweli kifua sina. Nikinyamaza napumua vizuri, nikichana kinafunga. Sasa ningemwambia nani?

Kuna jipya. Marcel alikuja hapa mwenyewe na gari. Nane Nane kuna tamasha Segese, Chacha ndiye mkubwa wa siku hiyo. Wanataka niwepo. Wataweka kitanda juu ya steji, nilale na gauni la kulalia, nihemee kwenye maiki wakati Chacha anachana. Marcel ameyasema hayo huku anakula muwa, anatema makapi miguuni kwangu. Gauni lenyewe alilileta kwenye mfuko wa nailoni. Ameniambia, "Usijifanye mtakatifu, dada, hii ndiyo nafasi." Alipoondoka, mwenzangu Rhoda alilichukua gauni akafutia oili ya mashine. Limefuta vizuri.

Lakini nimefikiri, shangazi. Nikubali. Nipande, nichukue maiki, nichane mistari yangu mbele ya watu wote. Nitakuwa nimeshafika juu, watafanya nini? Nikikaa kimya, mimi ndiye nitabaki yule wa "Nichoshe" mpaka nazikwa. Nisipoisema mwaka huu, mwakani labda pumzi haitakuwepo.

Niambie.

Mwanao,
Vumilia


Ngokolo, Shinyanga
21 Julai 2024

Ng'wanone, mwanangu Vumilia,

Marahaba. Usipande kwenye kitanda chao.

Maiki ni yao, waya ni wao, ukifungua mdomo watazima, na utabaki umesimama mbele ya wachimbaji na gauni la kulalia. Watakuzomea, wimbo utaendelea. Nimekaa macho nikiliwaza jambo hili, hasira imenipa akili.

Bibi yako hakuwahi kupanda kwenye uwanja wa mtu. Ngoma zetu hazichezwi hivyo. Makundi ni mawili, Wagika upande huu, Wagalu upande ule, kila manju na ngoma zake, wanaanza pamoja. Hakuna hakimu. Watu wana miguu, wanakwenda kule wanakokuona kutamu, na manju ambaye uwanja wake umebaki na mbwa na wauza karanga anajua ameshindwa, anafungasha. Bibi yako aliwahi kumhamishia watu mwanaume mmoja wa Mwagala hadi mke wake yule bwana naye akahama.

Chacha ni mtu wa Mara, kakulia Dar es Salaam, hajui haya. Nimemuuliza Nasibu, anapita Segese. Anasema steji wanaijenga inatazama soko, na nyuma yake, upande wa ghala la pamba, wameacha wazi kabisa. Mtu wa huku asingeacha upande wa pili wazi hata kama amelewa. Simama hapo. Huhitaji umeme. Una nyundo na una wanawake wanaojua kuzipiga pamoja kutwa nzima.

Chana mistari miwili mitatu, usitake kumaliza yote. Kifua chako nakijua kuliko wewe. Ukitoka hapo usirudi Nyarugusu, panda basi uje, tunakwenda hospitali. Hilo siombi.

Shangazi yako,
Paskalia


Segese
9 Agosti 2024

Mama Luka, shikamoo.

Mimi ni Rhoda, naponda mawe na Vumilia, mimi na wewe hatujaonana. Barua hii inasafiri na Vumilia mwenyewe kwenye basi la Nasibu. Atataka kukusimulia, usimruhusu aongee, soma hapa. Mwandiko wangu ni wa darasa la saba, nivumilie.

Tulikuja wanawake wa mwaloni tumejaa kwenye Noah moja na mawe yetu kwenye viroba, watu wanatushangaa, mawe mnayapeleka wapi na Segese yako tele. Tukakaa chini upande wa ghala la pamba kama ulivyosema. Chacha kule anajaribu spika, hapa tukaanza kuponda. Polepole kwanza, halafu tukashikana. Unaujua ule mpigo wenyewe, mmoja akichelewa anaponda kidole, kwa hiyo hachelewi mtu.

Wazee ndio walielewa wa kwanza. Kuna mmoja alikuwa kakaa kwenye kigoda anatazama steji, akainuka, akakigeuza kigoda, akakaa tena akitutazama sisi. Wengine wakacheka wakasema, kumbe kuna ngoma leo. Wakaanza kuvuka.

Vumilia akaanza kuchana. Mimi nimemsikia akichana mwaka mzima na jana ndiyo nilimsikia. Mstari wa mwenye karasha ulipopita wanawake wa Segese walipiga vigelegele, na wanawake huwa hawapigi vigelegele kwa jambo ambalo hawajalipata. Kule mbele ya steji palianza kuonekana mchanga. Mama, tuliwahamisha, na nikuambie kweli, nilisikia raha mpaka nikasahau kiu.

Chacha akaona. Wakapandisha sauti mpaka mabati ya ghala yakawa yanalia, wakaweka "Nichoshe".

Na hapo ndipo pumzi ilipomwishia. Alikuwa ameshachana mistari uliyomruhusu, akaongeza, unamjua. Akainama, mikono magotini. Akawa anahema. Na kwenye spika kule, anahema. Ni ileile. Kifilimbi kilekile, kukwama kulekule. Sisi tukaacha nyundo ili tumshike, akanyoosha mkono akatuambia, "Subiri kidogo, subiri," na spika nayo ikasema, "Subiri kidogo, subiri."

Watu walisimama katikati ya uwanja, sikio moja huku, sikio moja kule. Kijana mmoja alianza kucheka, akamwangalia Vumilia, akaona damu kwenye kitambaa anachokoholea, akafunga mdomo. Kuna baba mmoja, mchimbaji wa siku nyingi, alivua kofia akaishika kifuani, na yeye nikamsikia ana kifilimbi. Nikachukua mimi ule mstari wa cheni nikaupigia kelele kwa sauti yangu mbaya, wenzangu wakaitikia. Safari hii kiitikio kilikuwa chetu.

Lakini nisikudanganye, Mama Luka. Nusu walibaki. Nusu walirudi kwa Chacha. Walikuwa wameshaona kile kinachohema ni nini, wameona na kitambaa, na wakarudi wakacheza, wakajibinua palepale kwenye kifilimbi. Wengine nawajua, ni wa Nyarugusu, ninawasalimia kila siku. Marcel alipita akaniambia tumeharibu biashara ya watu. Nilimtemea maganda ya muwa miguuni, niliyatafuta makusudi.

Mpeleke hospitali. Nyundo yake ninayo mimi, asiitafute.

Rhoda
wa mwaloni, Nyarugusu


Ngokolo, Shinyanga
8 Septemba 2024

Rhoda mwanangu,

Marahaba, na wabeja, asante sana. Mwandiko wako ni mzuri, nimeusoma bila miwani.

Tumepiga picha ya kifua. Ni vumbi, kama nilivyojua, na lililoingia halitatoka. Daktari anasema akikaa mbali na mawe anaweza kuishi miaka mingi, akirudi asimlaumu mtu. Analala na mito mitatu mgongoni. Nimerudi kulala kando ya pumzi ile ile, na wakati mwingine naamka nataka kumwita Baba Luka. Wewe nawe nenda kapimwe. Usinijibu kwamba umechoka tu.

Harusi imepita. Ukumbini yule kijana wa muziki aliweka "Nichoshe" kwa mazoea, watu wakaanza kuinuka. Luka alitoka kwenye kiti cha bwana harusi na suti yake akaenda kuchomoa waya. Mama Januari aliinuka akaanza wimbo wa kwaya, na bibi harusi akacheza huo huo. Vumilia hakuimba, alipiga makofi.

Sasa anarekodi hapa sebuleni kwangu kwa simu ya Luka. Anachana mstari mmoja, anakaa, anakunywa maji, anachana mwingine. Mpigo ni nyundo zenu, Nasibu alizirekodi Segese kwa simu yake. Wiki iliyopita Luka alimsikilizisha, kajitahidi sana, akasema, "Dada, nimezikata pumzi zote, sasa imekuwa safi." Vumilia akamwambia azirudishe. Luka akadhani hajaelewa. Vumilia akarudia, "Zirudishe kila moja mahali pake. Kwa Chacha zilikwenda bila mistari. Hapa zitakaa na mistari yake, mtu asikie zimetoka wapi." Wimbo ameuita "Subiri Kidogo". Unatoka Jumapili ijayo, na kama watu watahama au hawatahama, sijui. Baada ya uliyoniandikia, sitegemei sana miguu ya watu.

Jana Marcel alimtumia Luka ujumbe. Kausikia kipande, sijui nani kampa. Hataki mistari. Anaomba zile pumzi mpya peke yake, ati ni nzuri kuliko za kwanza.

Vumilia alisoma, akarudisha simu mezani, akaendelea kunywa maji. Mimi nilichukua kalamu. Barua ya kwenda kwa Marcel iko kwenye begi hilihili la Nasibu pamoja na hii yako. Sikuanza na salamu.

Mama yako,
Paskalia, Mama Luka na Vumilia